Picha ya Jasiri

Kila asubuhi, kabla hajagusa kazi, Mama Cherehani aliishusha ukutani picha ya marehemu mumewe. Alifuta kioo kwa kipande cha kitambaa, akakipulizia pumzi, akafuta tena. Wapi! Sura ilibaki kama ya mtu aliyesimama nyuma ya moshi.

Alimlaumu mpiga picha. Akalaumu kioo, akalaumu unyevu wa ukuta. Macho yake hakuyalaumu hata siku moja, na kumbe macho ndiyo yenye kesi.

Mumewe alikuwa fundi wa kuezeka. Watu walimwita Jasiri, kwa sababu alipanda mapaa ambayo mafundi wenzake waliyakataa. Homa ndiyo iliyomwondoa, akiwa kitandani. Mama Cherehani alimkumbuka mno. Sauti yake ilikuwa imeanza kumpotea masikioni. Iliyobaki ni ile picha, na sasa nayo ilikuwa inamwacha.

Siku moja jirani yake, muuguzi wa kliniki ya macho, alikuja kuchukua gauni lake. Alilijaribu, akaanza kucheka. Mfuko ulikuwa umeshonwa mgongoni. Mama Cherehani alitamani ardhi ipasuke immeze. Akasingizia giza la chumba, kisha akaanza kulalamika kuhusu picha inayofutika. Muuguzi akaipokea, akaitazama.

"Mama, picha hii haina neno. Namwona mzee hadi vifungo vya shati."

Muuguzi akamsogeza dirishani, akamtazama macho. Katikati ya mboni palikuwa na weupe. Akamwambia anashuku ni mtoto wa jicho, daktari atahakikisha. Ndani ya jicho kuna lenzi ndogo inayopitisha mwanga, na umri ukisogea lenzi hiyo huweza kuingia ukungu. Dawa ya matone haiuondoi. Mitishamba ndiyo kabisa, inaweza kuliharibu jicho. Tiba yake ni upasuaji: jicho hutiwa ganzi, lenzi yenye ukungu hutolewa, huwekwa nyingine safi. Wengi hurudi nyumbani siku hiyohiyo.

"Kisu kwenye jicho?" Mama Cherehani aliuliza. "Mwanangu, mimi sina ujasiri huo. Jasiri wa nyumba hii tulishamzika."

Muuguzi akamuuliza, jasiri ni mtu gani? Akajibiwa kwamba ni mtu asiyeogopa.

"Baba yangu alifundisha Kiarabu," muuguzi akasema. "Alituambia neno hili limetoka huko. Na huko, kuthubutu na kuvuka ni ndugu wa tumbo moja. Hata daraja, ambalo Waarabu huliita jisr, limepata jina hilo humohumo. Jasiri ni anayevuka, mama. Hakuna anayemuuliza kama magoti yanagongana."

Mama Cherehani alibisha. Mume wake hakuwahi kuogopa kitu, alisema. Lakini maneno yalikuwa yamemwingia. Kisu alikiogopa, ndiyo, ila kuisahau sura ya mumewe alikuogopa zaidi. Akakubali kwenda.

Daktari alimpima, akathibitisha, akampangia siku ya jicho la kwanza. Siku ilipofika alitetemeka waziwazi, akamwambia daktari kwamba anaogopa. Daktari akamjibu kwa utani kwamba aogope tu, mradi kichwa kisitikisike. Muuguzi akamshika mkono. Kabla hajamaliza kuomba dua zake, kazi ilikuwa imekwisha.

Kesho yake bandeji ilitolewa. Akaelezwa asilisugue jicho na atumie dawa alizopewa. Aliitikia yote, lakini moyo wake ulikuwa ukutani nyumbani.

Alipofika aliishusha picha. Huyu hapa mumewe, amesimama juu ya ngazi, anacheka, na lile pengo lake la jino. Mama Cherehani alilia kwa furaha na kwa hamu. Kisha macho yakashuka. Miaka yote alikuwa akitazama kicheko tu. Leo aliiona mikono. Yote miwili ilikuwa imeing'ang'ania ngazi, mishipa imesimama.

"Kumbe na wewe ulikuwa unaogopa," alimwambia.

Alitamani angekuwepo, amtanie mpaka jioni. Akaitundika picha bila kuifuta, akatoka kwenda kumuuliza muuguzi jicho la pili ni lini.