Mfagiaji Aliyekatwa Kwenye Filamu

Bosi wetu alikuwa debe tupu lililofungwa tai. Miaka kumi aliongoza hifadhi ya filamu za zamani, na bado hakujua kwamba filamu ikianza kunuka siki, inaoza. Alidhani nimeficha chakula mezani.

Jioni moja alinijia na agizo. Kesho yake wageni wangetazama filamu ya uzinduzi wa jengo letu, niliyoisafisha picha moja moja kwa miezi mitatu. Haikuwa na sauti. Mahali fulani mfagiaji alikatiza mbele ya wakubwa, amembeba mtoto mgongoni kwa mbeleko.

"Huyo mtoe," bosi akaninong'oneza.

Ofisi nzima ilijua kwa nini. Yule alikuwa marehemu mama yake, na mtoto ndiye yeye. Wageni alishawaambia mama yake alikuwa daktari. Mkana kwao mtumwa, ila huyu alikuwa mtumwa mwenye dereva.

Kazi yetu ina mwiko: unaunga palipokatika, wewe mwenyewe hukati. Nilimdharau bosi, lakini niliogopa kufukuzwa. Nikashika mkasi. Nikakata kipande chote chenye yule mama, nikakitupa kwenye pipa la taka, nikaunganisha ncha kwa gundi.

Nikawasha projekta.

Alikuwepo.

Safari hii alikuwa amesimama. Mbeleko ilikuwa tupu. Alitazama huku na huku, kama mama aliyepotelewa na mtoto sokoni.

Nikakata tena. Nikawasha... Akawa karibu zaidi, uso umeenea kitambaa kizima cha kuonyeshea filamu. Harufu ya siki ikajaa chumbani.

Bosi akaingia kukagua. Nikamsihi atoke. Akaniita mshamba, akaenda kusimama mbele kabisa ili aone vizuri.

Shwaa... shwaa...

Ufagio. Kwenye filamu isiyo na sauti.

Yule mama akageuka, akatupa mgongo. Akachuchumaa taratibu.

"Panda, mwanangu."

Taa ya projekta ikazimika. Ilipowaka, mbele ya kitambaa hapakuwa na mtu. Mlango ulikuwa mmoja tu, nyuma yangu, na hakuna aliyenipita.

Kwenye filamu mama alikuwa akifagia, amepinda kwa uzito. Ndani ya mbeleko kitu kikubwa kilikuwa kikirusha mateke.

Polisi walikuja asubuhi. Niliwaonyesha filamu, wakaona mfagiaji tu, wakapiga miayo. Wakaniuliza bosi yuko wapi.

"Yuko kwa mama yake," nikasema.

Wakaandika. Kisha wakaomba anwani.

Siku hizi jua likizama, nikipita karibu na stoo, namsikia mtu mzima akilia kitoto, na mama akimbembeleza. Yule anayelia simwonei huruma hata kidogo. Namwogopa anayembembeleza, maana aliyeshika mkasi ni mimi.