Kilo Ishirini za Gaspard

Mnisamehe mapema, maana hadithi hii nitaisimulia vibaya. Nitakata sentensi mahali pasipofaa, nitahema kama mtu aliyepandisha mlima na gunia, na pale penye kutisha huenda nikakohoa tu. Msidhani ni mbwembwe za jukwaani. Pumzi ndiyo inayonisumbua, na sababu yake mtaijua tukifika.

Mambo yalianza na suruali.

Gaspard, muuguzi katika hospitali moja ndogo pale Kalemie, alipanda mizani asubuhi moja ya mwezi wa tano akakuta ana kilo sabini na nane. Tangu aoe alikuwa na hamsini na nane. Kwetu mwanaume akinenepa sifa zinakwenda kwa mke wake, basi akazunguka wodi nzima akimsifu Chancelle na sombe yake, majani ya muhogo yaliyojaa mawese. Kwenye karatasi iliyobandikwa ukutani, juu ya mizani, akafuta 58, akaandika 78, akapiga na mstari chini yake. Mgonjwa wa kitanda cha mlangoni, bwana mmoja mnene mwenye mguu kwenye plasta na mdomo usiojua kupumzika, akamuuliza hizo kilo ishirini amezificha wapi, maana suruali ni ileile, mkanda ni uleule, na tundu la mkanda ni lilelile. Wodi ikacheka. Gaspard naye akacheka, na hapo ndipo hasa alipopaswa kuacha kucheka.

Ile karatasi haikuwa pambo. Wodini walikuwa na sindano za kuzuia damu isigande, na sindano hizo hutolewa kwa uzito: kwa kila kilo ya mgonjwa miligramu moja, asubuhi na jioni. Ukizidisha, mtu anavuja damu. Ukipunguza, damu inaganda mguuni, kisha bonge linang'oka na kupanda mpaka kwenye mapafu. Wagonjwa wenye kusimama walipanda mizani wenyewe. Wasioweza, Gaspard aliwabeba mgongoni, akapanda nao, akasoma jumla, akatoa uzito wake ulioandikwa ukutani. Kinachobaki, ndiye mgonjwa.

Papa Déogratias wa nyonga iliyovunjika alibaki kilo arobaini na nane. Alikuwa mvuvi mwenye mabega kama mlango, lakini Gaspard alijiambia ugonjwa unakula watu. Papa Déogratias alikufa siku ya nane, kijiko cha uji mkononi. Mama Princesse alibaki thelathini na tisa, akafa siku ya sita. Dokta Joëlle alirudia hesabu zote, akakuta ziko safi. Gaspard akaenda kuchukua gunia la unga wa muhogo la kilo hamsini, akaliweka juu ya mizani. Hamsini kamili. Mizani haikuwa na uongo wowote.

Kisha wakamleta Ketsia.

Ketsia ni mdogo wake Gaspard, wa tumbo moja, aliyemlea tangu mama yao afariki. Alikuwa amejifungua siku tisa zilizopita, na mguu wake wa kushoto ulikuwa umevimba mpaka ngozi inang'aa. Gaspard akainama, akambeba, wakapanda. Mia moja kumi na tisa. Toa sabini na nane, arobaini na moja. Akadungwa arobaini asubuhi, arobaini jioni. Mguu ukazidi kuvimba. Siku ya tatu akaanza kuhema akiwa amelala, na maziwa akampa mtoto kwa vipande, ananyonyesha kidogo, anapumzika, ananyonyesha.

Dokta Joëlle alimvuta Gaspard kwenye korido, akamwambia polepole jambo ambalo alikuwa ameliandika kwenye daftari lake na kulifuta mara mbili. Wanaopanda mizani kwa miguu yao wanapona. Wanaobebwa na Gaspard wanakufa. Hakumlaumu. Alimwomba tu ampime Ketsia upya, sasa hivi, kabla ya sindano ya jioni.

Gaspard akarudi kitandani, akampa mdogo wake mgongo na kuinama. Ndipo harufu ikamfikia: tope la ziwa, lile la chini kabisa linalopanda na nyavu. Na nyuma yake, juu ya saruji, kitu kikashuka. Pa. Kama mguu uliolowa.

Ketsia hakupanda.

"Yaya," akamnong'oneza kaka yake, "ule bibi njo nani?"

"Bibi gani?"

"Mwenye anashuka kwa mugongo yako kila mara unainama. Anasimama pale pembeni ya mizani, anangojea mugonjwa ashuke. Nilizania ni mwenzako wa kazi."

Gaspard hakugeuka.

"Zile siku ingine alikuwa anaangalia mizani," Ketsia akasema. "Leo ananiangalia miye."

Hapo Gaspard akakumbuka. Mwezi wa nne, mvua za mwisho, boti kutoka Moba ilikuwa imeshusha bikizee asiye na ndugu, mifupa na ngozi, maji yanamtiririka, hawezi kusimama. Gaspard akamchekesha kidogo ili asiogope: panda, bibi, miye njo taksi yako, nitakubeba mpaka utachoka. Mizani ikasoma sabini na nane. Akatoa hamsini na nane, akaandika ishirini, akastaajabu muntu muzima wa kilo ishirini, na alipofika kitandani kumlaza, mgongo ulikuwa mtupu. Akadhani wenzake wamempokea. Wenzake wakadhani amemlaza yeye. Shuka la kitanda lilikuwa kavu. Hakuna aliyemwona akishuka.

Akaitazama ile 78 ukutani, na ule mstari aliouchora kwa majivuno. Uzito ule haukuwa sombe ya Chancelle. Alikuwa amebebeshwa bibi usiku na mchana, na bibi alikuwa na adabu ya kumpisha kila mgonjwa, anashuka, anangoja, anarudi. Na kila aliposhuka, Gaspard aliwanyang'anya wagonjwa wake kilo ishirini, na dawa ya kilo ishirini. Papa Déogratias. Mama Princesse. Mia moja kumi na tisa toa hamsini na nane ni sitini na moja.

Dokta Joëlle alisikiliza yote bila kupepesa macho. Akavuta sindano mpya.

"Nitamudunga makumi sita," akasema. "Ile ingine haiko ya sindano."

Ile ingine ikaangukia kwa Mama Julienne, mama mkwe wa Ketsia, aliyeshuka kutoka Kirungu kumwuguza, mwenye rozari shingoni na majani kwenye kitambaa. Alimuuliza Gaspard alimwahidi nini yule bibi, na kama aliwahi kumwambia ashuke. Hakuwahi. Basi ni jini la kubebwa, akasema Mama Julienne, nalo halipandi bila kukaribishwa. Sasa mgongo wa Gaspard umemchosha, anatazama mwingine, na kifua cha Ketsia hakibebi kilo ishirini hata kwa dakika moja. Akachoma majani, akamsimamisha Gaspard juu ya mizani, akageukia vitanda na kuonya wodi yote, mlango hadi dirisha: mtu asifungue mdomo, hata kwa salamu, maana bibi atakapokuwa chini atakuwa anatafuta neno la kumkaribisha.

Mshale ulisimama kwenye sabini na nane.

"Bibi," Gaspard akasema, "tumefika. Shuka."

Kwanza hapakuwa na kitu, kisha vidole ambavyo hakujua kwamba vimemshika shingo vikaachia, kimoja, kingine, kingine, baridi kama samaki, na mshale ukaanza kurudi nyuma, sabini, sitini na tano, hamsini na nane, na juu ya saruji nyayo zikasikika, pa, pa, zikiacha alama za maji ambazo wote walizitazama, nyayo ndogo zenye visigino vipana, zikienda kitanda kwa kitanda na kusimama miguuni pa kila mgonjwa kama mama anayechagua nyanya sokoni, na wagonjwa wakaziba midomo kwa mashuka, na harufu ya tope ikawa nzito mpaka macho yakatoka machozi, na nyayo zikapita dirisha, zikageuka, zikafika kwa Ketsia, zikasimama, na godoro la Ketsia likaanza kubonyea pembeni, polepole, kama mtu anapokaa kwanza kabla ya kulala, na mtoto akaachia ziwa, na Ketsia akafungua mdomo kutafuta pumzi asiipate.

Kimya.

Na katika kimya kile, bwana wa kitanda cha mlangoni akasema, kwa sauti ya kufika mpaka viti vya nyuma:

"Bibi, kama miguu imechoka, njoo huku. Mugongo hii yote ni nyumba yako."

Godoro la Ketsia likainuka.

Ketsia alitoka hospitalini baada ya wiki mbili, kwa miguu yake, amembeba mtoto wake na hakuna mwingine. Ukutani wameandika 58, na Gaspard anajipima upya kila anapobeba mgonjwa. Majina ya wale wawili ameyaandika chini ya namba hiyo, kwa mkono wake. Yule bwana naye alitolewa plasta, akapandishwa mizani, akakutwa na mia na kumi na mbili. Aliingia na tisini na mbili. Suruali ni ileile.

Bwana huyo ni mimi, na sasa mnajua kwa nini nahema. Mama Julienne amenisimamisha juu ya mizani mara saba, na mara saba nimesema bibi, tumefika, shuka. Hashuki. Gaspard alimwahidi safari. Mimi nilimpa nyumba. Watu wa Kalemie wananinunulia bia, wanasema nilijitoa kwa ajili ya mzazi yule na mtoto wake, na mimi bia nakunywa. Lakini ninyi sitawadanganya. Sikumfikiria Ketsia hata kidogo. Wodi machoni pangu ilikuwa ukumbi uliojaa, umekaa kimya, na mimi tangu utoto wangu siwezi kuvumilia ukumbi wa namna hiyo. Nilitaka wacheke.

Hakucheka hata mmoja.