Namba Iliyosema Hakuna Kidonda

Fundi viatu mmoja alikuwa na jibu la kila swali. Ukimuuliza mvua itanyesha lini, alisema, "Najua." Ukimuuliza ufunguo uko wapi, alisema, "Najua," kisha akautafuta nyumba nzima. Mtaa wote ulimwita Najua. Mkewe alikuwa fundi cherehani, mwenye maneno machache na kicheko kikubwa.

Asubuhi moja mke alishuka ngazi za nyumba amekumbatia furushi la vitambaa. Hakukiona kidato cha mwisho. Alianguka. Mfupa wa mguu wa kulia ukalia kama kijiti kikavu.

Najua akambeba hadi kwenye mkeka. Katikati ya muundi palikuwa na tundu dogo, kama la msumari. Damu ilitoka kidogo. Najua akalifuta, akalifunika kwa pamba, akamvisha mkewe soksi ndefu.

"Tukifika zahanati, usitaje kidonda," alisema.

"Kwa nini?"

"Wenye vidonda hupelekwa chumba cha kufunga vidonda. Foleni yake haina mwisho. Sisi tumevunjika. Tunakwenda moja kwa moja kwenye mifupa."

Maumivu hayakumwachia mke nguvu ya kubishana.

Zahanati ilifurika watu. Tabibu aliuliza, "Kuna kidonda?"

"Hakuna, daktari," Najua akawahi. "Ni mfupa tu."

Picha ilipigwa. Tabibu akaufunga mguu kwa vibao, juu ya soksi ileile. Akawapa barua. "Keshokutwa nendeni hospitali kubwa mkafungwe plasta."

Walirudi nyumbani adhuhuri. Mke alilala, mguu juu ya mto. Najua akaifungua barua. Chini ya jina la mkewe paliandikwa S82.20. Hakuna maelezo mengine.

"Themanini na mbili ni nini?" mke aliuliza.

Najua akakuna kichwa. "Ni vipande. Mfupa umevunjika vipande themanini na viwili."

"Mama yangu! Na hiyo ishirini?"

"Hiyo... labda ni siku za kulala kitandani. Au namba ya chumba."

"Au kilo zangu?"

"Kilo zako haziwezi kuwa ishirini, mke wangu. Nimekubeba mimi."

Mke alitaka kucheka, lakini mguu ulimuuma. Waliigeuza karatasi juu chini. Hawakuelewa kitu.

Saa kumi alasiri jirani yao alipita kumpa mgonjwa pole. Alikuwa karani wa kumbukumbu za wagonjwa katika hospitali kubwa. Watu walimwita Mama Mafaili.

"Pole, dada. Hebu nione barua yenu," alisema.

"Mwambie ukweli, shemeji," Najua alinong'ona. "Ni vipande themanini na viwili?"

Mama Mafaili akaangua kicheko. "Shemeji, huo utakuwa unga! Hii ni namba ya ugonjwa. Daktari huandika alichokiona. Kisha tunatafuta namba yake kitabuni. Herufi S, hapa, ni ya majeraha. S82 ni kuvunjika mguu, kuanzia chini ya goti hadi kwenye kifundo. Mbili hii baada ya nukta ni katikati ya mfupa mkubwa wa muundi. Na sifuri ya mwisho inasema ngozi ni nzima. Kungekuwa na kidonda mahali hapo, ingekuwa moja."

Kisha akainama juu ya mguu. "Mbona soksi ina damu?"

Najua akatazama dari. Mke akamtazama Najua.

"Kuna tundu dogo sana," mke alisema. "Tuliambiana tusilitaje."

"Mliambiana?"

"Aliniambia."

Mama Mafaili akasimama. "Mimi si daktari. Lakini faili hizi nimezisoma miaka kumi na moja. Mfupa uliovunjika penye kidonda una mlango. Uchafu huingia kwa mlango huo hadi ndani ya mfupa. Usiutazame udogo wake. Watu wamekatwa miguu. Mguu huu hausubiri keshokutwa. Hausubiri hata kesho."

Najua akajipapasa mfukoni. Akatoa kalamu. "Basi tubadilishe sifuri iwe moja."

"Rudisha kalamu yako! Namba haibadilishwi na wewe wala mimi. Namba humfuata daktari. Daktari hufuata macho yake na maneno ya mgonjwa. Macho mliyafunika kwa soksi. Maneno mkamnyima."

"Kwa hiyo umeuuza mguu wangu kwa ajili ya foleni?" mke aliuliza.

Najua akairudisha kalamu mfukoni. Alikwenda kutafuta gari.

Kule hospitali kubwa, muuguzi wa mapokezi aliuliza shida. Najua akasogea mbele. "Amevunjika mguu. Kuna kidonda. Nilikificha mimi, tangu saa tatu asubuhi."

Alingoja kupelekwa kwenye foleni ndefu. Badala yake, kitanda cha magurudumu kilikuja mbio.

"Hatuendi kwenye vidonda?" aliuliza, amechanganyikiwa.

"Mfupa wenye kidonda hutangulia wote," muuguzi alimjibu. "Tupishe, mzee."

Daktari aliikata soksi, akaliona tundu, akaandika. Mgonjwa alipewa dawa kwenye mshipa na sindano ya pepopunda. Jioni hiyohiyo kidonda kilisafishwa katika chumba cha upasuaji, na mfupa ukashikiliwa kwa chuma. Kesho yake Mama Mafaili alisoma maandishi ya daktari. Akaingiza S82.21.

"Mngekuja keshokutwa," daktari aliwaambia, "pengine tungezungumza mengine. Mguu huu tutaulinda."

Walirudi kliniki mara nyingi. Mwezi wa sita tangu aanguke, daktari alitazama picha mpya. Mfupa ulikuwa umeunga. Mke akaweka mkongojo ukutani, akatembea kutoka kwenye kiti hadi mlangoni, kisha akarudi.

"Kuna tatizo lolote?" daktari aliuliza.

"Jioni kifundo kinavimba," Najua alisema. "Kovu linawasha. Jumatatu alijikwaa. Kidole kidogo kinakufa ganzi, tena huwa anakificha."

"Nakificha mimi?" mke alishangaa.

"Unakificha. Andika, daktari."

Daktari akacheka, akaiweka kalamu mezani.

"Ichukue tena," mke alimwambia, akiketi vizuri. "Bado hajamaliza."