Ufa wa Namba Saba

"Shangazi amechoka kusubiri. Funga mizigo, urudi leo."

Jasusi Msumari alikata simu. Kwa lugha ya idara ya ujasusi, alikuwa amepewa mpaka saa kumi jioni.

Akaisukumiza simu mfukoni kwa hasira.

Siku kumi na moja amejificha ndani ya ovaroli la mkaguzi, akimvizia mtaalamu wa kigeni aliyeleta mashine ya kupima viungo vya mabomba ya gesi ya baharini. Mashine hupeleka mawimbi ya sauti ndani ya chuma na kufichua ufa usioonekana kwa macho. Ili ipitishwe, ilipimwa kwa mabomba ishirini, mengine yakiwa na nyufa za makusudi. Orodha ya nyufa hizo ilifungiwa kwenye kasha la mkuu wa karakana.

Mashine haikukosea hata mara moja.

Idara ilinusa njama: mashine kipofu ipitishwe, mabomba mabovu yalazwe chini ya bahari, yapasuke. Lakini ushahidi? Msumari alipekua chumba cha mtaalamu, begi, hata Toyota yake. Patupu. Mkuu wa karakana naye alimwambia hakati bomba kuhakiki ndani yake kwa hisia za mtu.

Wafanyakazi wengine walipokwenda kunywa chai, alimfuata mama mchomeleaji aliyeziweka zile nyufa. Wakabadili vibandiko vya namba vya mabomba mawili. Bomba namba kumi na mbili, zima kabisa, likawa namba saba, ambayo kwenye orodha ilikuwa na ufa.

Saa nane mchana, kwenye jaribio la mwisho, mashine ililizunguka. Mstari mwekundu ukatokea kwenye skrini.

"Namba saba ina ufa," mtaalamu alisema.

"Una hakika?"

"Mia kwa mia."

Msumari akamgeukia mkuu wa karakana, akamweleza walichofanya.

Mzee alikodoa macho. "Kata," akaamuru.

Msumeno ulilia. Chuma kikafunguka, safi, bila ufa.

Mashine haikupima chochote. Ilikuwa ikisoma orodha iliyoibwa.

Mtaalamu akachomoa bastola ya Beretta kwenye sanduku lake la vifaa. Msumari alinyakua mpira wa maji wa mashine, akammwagia mtaalamu usoni. Risasi ikatoboa bati la paa. Teke moja, bastola chini. Pingu.

Akavua ovaroli, akalitupa juu ya bomba. Bado alikuwa amenuna.

"Sasa tufanyeje?" mkuu wa karakana aliuliza kwa sauti ya chini.

"Leteni mashine nyingine. Na hiyo orodha, mzee, safari hii ibaki kichwani mwako."

Akatoka getini, mikono mifukoni.