Kwa Sauti Moja

Unga ulianza kunuka nywele zilizoungua. Msagaji alidhani ni mkanda wa mashine, akaubadilisha, harufu ikabaki palepale. Kisha mashine ikawa inaunguruma hata ikiwa imezimwa, taratibu, kama mtu anayekoroma baada ya kushiba. Wanawake wakaacha kuleta nafaka.

Wanaume wa kijiji wakamleta mganga, mtu wa maneno machache.

"Ni jini," akasema. "Mtamwambia 'Toka!' wote kwa sauti moja. Asipojua nani kamfukuza, ataenda zake. Akimjua, atahamia kwake."

Walifanya mazoezi nyuma ya jengo la mashine, watu wazima na ndevu zao, wamejipanga kama kwaya.

"Kaka, wewe ndiye mwenye koo," mdogo wake msagaji alinong'ona. "Paza tu. Sisi tuko nyuma yako."

Msagaji akapata moyo. Yeye ndiye aliyemlea mdogo wake huyo tangu mama yao alipofariki.

Alasiri wakaingia. Mlango ukafungwa, vumbi la unga likaning'inia hewani bila kushuka, ngurumo ikapanda kutoka sakafuni hadi magotini, kutoka magotini hadi kwenye meno, harufu ya nywele ikawakaba, fundi baiskeli akaanza kulia chinichini, na mganga akainua mkono.

Midomo yote ikafunguka. Sauti ikatoka moja.

"Toka!"

Msagaji akageuka. Wenzake walikuwa wamepanua midomo tu. Mdogo wake alikuwa akitazama viatu vyake.

"Tulipiga kura, kaka," alisema kwa sauti ya chini. "Wewe huna watoto."

Yaani mganga kaleta dawa, wao wakaleta uchaguzi. Hilo lilimuuma msagaji kuliko jini mwenyewe. Mashine ikanyamaza kimya. Alitaka kuwatukana wote, lakini koo halikutoa kitu, hata mkoromo.

Akakimbia nyumbani, mdogo wake nyuma yake. Mlango ulikuwa umekomewa. Ndani alisikia sauti yake mwenyewe ikimtania mkewe, na mkewe akicheka kama hajacheka siku nyingi. Akagonga kwa ngumi.

"Nani huyo, mume wangu?" mkewe akauliza.

"Hakuna mtu," ikajibu sauti yake.

Msagaji alimshika mdogo wake mkono, akamsihi kwa macho. Mdogo wake alimtazama vizuri usoni, akajinasua taratibu, akasogea dirishani.

"Shikamoo, kaka," akasema. "Nashukuru umefika salama."