Gari Lililoshuka Lenyewe

Kila Jumamosi asubuhi, kabla jua halijawa kali, Sisimizi alikuwa na kazi ya kufagia uwanja. Jina hilo alibandikwa na shangazi yake alipokuwa na miaka mitatu, kwa kuwa hakuonekana hata siku moja mikono mitupu. Daima alikuwa amebeba kitu, akikitoa hapa na kukipeleka pale. Sasa alikuwa binti wa miaka kumi na miwili, na bado hakuweza kukiona kitu kimekaa ovyo akakiacha.

Jumamosi ile aliondoa ndoo mlangoni, akapanga kandambili za mama yake, akasukuma kwa mguu jiwe lililokuwa limelala nyuma ya gurudumu la gari, kisha akafagia mpaka ukingoni mwa uwanja, pale ardhi inapoanza kuteremka kuelekea kwa jirani. Gari lilikuwa la baba yake. Lilikuwa dogo, la zamani, na lilikuwa na sheria moja iliyojulikana na kila mtu nyumbani: haingii mtu bila baba.

Lakini saa tatu kamili kulikuwa na shindano la maswali ya wanafunzi redioni, na redio ya nyumbani ilikuwa imelala mezani kwa baba ikiwa imefumuliwa vipande vipande. Baba alikuwa fundi saa, na kila alichokiona alikifungua. Basi Sisimizi alipomsikia baba yake akioga na mama akiwa jikoni, alichukua funguo msumarini, akaingia garini, akaketi kiti cha abiria, akawasha redio kwa sauti ya chini. Alijibu maswali manne kimoyomoyo, yote sawasawa. Mama alipomwita aoshe vikombe, aliruka nje kwa haraka, akaupiga mlango kwa nyonga, akakimbia.

Alikuwa anaosha kikombe cha tatu aliposikia kishindo, kama kabati lililoanguka.

Walipotoka, gari halikuwepo. Lilikuwa limerudi kinyumenyume mteremkoni, limeuangusha uzio wa jirani, limelivunja benchi chini ya dirisha lake, na kusimama lilipougonga ukuta. Jirani huyo alikuwa mkunga, mwanamke mtu mzima ambaye mtaa mzima ulimwita Bibi Mkunga. Kwenye benchi lile ndiko alikomlisha uji mjukuu wake wa mwaka mmoja kila asubuhi. Siku hiyo mtoto alikuwa amejimwagia uji, na bibi yake alikuwa amempeleka ndani kumbadilisha nguo. Mtoto alinusurika kwa sababu hiyo tu.

Bibi Mkunga alitoka amembeba mtoto. Hakupiga kelele. Alilitazama benchi, akamtazama baba, akauliza swali moja: "Nani alikuwa ndani ya gari?"

Baba alisema hapakuwa na mtu. Kisha akageuka taratibu kumtazama Sisimizi.

"Mimi sikuingia," Sisimizi alisema. Maneno yalimtoka kabla hajayafikiri.

Mama alikuwa ameshafika kwenye gari. Alifungua mlango, na wote wakasikia sauti ndogo ya mtangazaji akiuliza swali la tisa.

Hapo Sisimizi alikubali. Alikiri kwamba aliingia na kwamba alisikiliza redio, lakini akaapa kuwa breki ya mkono hakuigusa.

"Dakika moja iliyopita ulisema hukuingia," baba alimwambia. "Sasa unasema hukugusa breki. Kesho utasema nini?"

 Njia ya mwongo ni fupi, na yake haikufika hata mlangoni.

Juma lililofuata lilikuwa refu kama kipindi cha njaa. Mama alimtuma dukani kama zamani, lakini sasa aliporudi aliulizwa jambo lilelile mara mbili, mara ya pili kwa maneno mengine. Funguo hazikutundikwa tena msumarini. Zililala mfukoni mwa baba. Shuleni wenzake walimwita "Dereva". Lililomuuma zaidi lilikuwa la Bibi Mkunga. Walipokutana njiani, bibi huyo aliitikia salamu kama kawaida, lakini alimhamishia mjukuu wake kwenye nyonga ya pili, upande wa mbali na Sisimizi.

Ikafika mahali akaanza kujishuku mwenyewe. Je, goti lake liligusa breki alipoteremka? Akiwa kitandani alirudia kila kitu: mlango, kiti, redio, mlango. Goti halikugusa kitu. Lakini nani angemwamini, ikiwa hata yeye alianza kusitasita?

Kisha akamshuku baba yake. Wazo hilo lilimtia aibu, lakini halikuondoka. Gari lilikuwa limesukumwa na kurudishwa uwanjani, karibu na jiko ambako ni tambarare, likawekewa matofali mbele na nyuma. Kila jioni baba alisimama akilitazama muda mrefu. Na mama alipopendekeza wamwite shangazi alikague, baba alikataa upesi mno. Gari halina ubaya wowote, alisema, mwenye ubaya ni mtu.

Shangazi alikuwa dada mkubwa wa baba, fundi katika karakana ya mabasi, na magari alikuwa akiyajua kama mtu anavyojua vidole vyake. Mama alimwita vivyo hivyo, bila kuomba ruhusa.

Alikuja Jumamosi asubuhi na mfuko wa spana begani. Alisikiliza habari yote amesimama. Baba alieleza upande wake na Sisimizi akaeleza wake. Shangazi hakusema anamwamini nani. Aliingia garini na kuvuta breki ya mkono, nayo ikalia ta-ta-ta-ta, jino baada ya jino, mpaka juu kabisa.

"Breki nzima hushika kwenye jino la tano au la sita," alisema. "Hii imekula meno kumi na mawili. Hebu toeni matofali, msukume."

Sisimizi na mama wakasukuma. Gari likasogea kama mkokoteni, ingawa breki ilikuwa imevutwa.

Sisimizi alianza kutabasamu, lakini baba alisema kwamba huenda nyaya zilikatika gari lilipougonga ukuta. Shangazi akakubali kuwa hilo linawezekana. Akasema angekwenda kununua nyaya mpya, kisha wangefungua waone.

"Ninazo," baba alisema.

Aliingia ndani akatoka na pakiti mbili ndefu. Alisema alizinunua juzi. Sisimizi alizipokea, na vidole vyake vikaacha alama kwenye vumbi zito lililofunika nailoni. Alimtazama shangazi, na shangazi alikuwa ameshaliona. 

Shangazi alimpa Sisimizi ovaroli iliyomzidi mara mbili na kumwambia leo atajifunza kazi. Walirudisha matofali kwenye magurudumu ya mbele. Walilegeza nati za magurudumu ya nyuma gari likiwa bado chini, wakaliinua kwa jeki, na shangazi akaweka stendi mbili za chuma chini ya gari. Alisema jeki ni ya kuinulia tu, si ya kuaminiwa, na kwamba aliwahi kumzika mfanyakazi mwenzake aliyeiamini. Baada ya hapo walitoa magurudumu na ngoma za breki, vile vifuniko vya chuma vya mviringo vilivyo nyuma ya magurudumu. Sisimizi alipotaka kupuliza vumbi jeusi lililokuwa ndani, shangazi alimshika bega. Vumbi la breki huharibu mapafu, hufutwa kwa kitambaa kibichi.

Ndani, nyuma ya viatu vya breki, vile vipande vilivyopinda vinavyoibana ngoma, palikuwa na kichwa cha waya kilichonasa kwenye mkono mdogo wa chuma. Sisimizi alikichomoa kwa koleo mara ya tatu, jasho likimtiririka puani. Upande wa pili wa waya ulikuwa chini ya gari, pale nyaya za kushoto na kulia zinapokutana kwenye kipande kimoja cha chuma na kuvutwa pamoja, hivyo mmoja ukikatika na wa pili hulegea. Shangazi aliingia chini, akafungua nati, akatoka na waya wa kushoto mkononi.

Ganda lake la nje lilikuwa limepasuka kama ganda la muwa. Kwa ndani, nyuzi zilikuwa zimekatika na kuchanua.

"Njooni hapa wote," shangazi aliita. "Waya hauna ndugu wala rafiki. Uzi uliokatika juzi hung'aa. Uliokatika zamani huwa na kutu. Sisimizi, hesabu."

Sisimizi alipiga magoti juani, akahesabu kwa ncha ya bisibisi. Nyuzi kumi na saba zilikuwa na kutu mpaka ncha. Mbili tu ndizo zilizong'aa.

"Basi gari hili lilikuwa limeshikiliwa na nyuzi mbili," shangazi alisema. "Na mlango ulipopigwa kwa nguvu, hizo mbili nazo zikaanza kuachia, mmoja baada ya mwingine." Alimgeukia ndugu yake. "Wewe ni fundi saa. Saa ya mtu ikichelewa dakika mbili hulali. Usiniambie kuwa hukuiona breki iliyopanda mpaka kifuani."

Baba alikaa juu ya gurudumu lililolazwa chini. Mikono yake, iliyozoea skrubu ndogo kama punje ya mtama, haikujua pa kukaa.

"Niliiona, dada. Nina miezi mitatu tangu niione. Nyaya nilinunua, lakini kumwita fundi ni kukuita wewe, na wewe uliniambia nisilinunue gari hili. Nikaona haya. Nikawa naliwekea jiwe nyuma ya gurudumu kila nikiegesha, hata kuliacha kwenye gia sikukumbuka. Nadhani siku ile nilisahau kuliweka." Aliinua macho kumtazama Sisimizi. "Nilipoisikia ile redio, nilishukuru moyoni. Nilisema, lawama imepata mwenyewe. Mwanangu, nisamehe."

Mama alijifunika uso kwa kanga. Sisimizi alisimama na waya mkononi. Jina lake lilikuwa limesafishwa. Juma zima alilisubiri jambo hili, na sasa limekuja, mbele ya mama na shangazi. Alichotakiwa kufanya ni kunyamaza tu.

Lakini baba hakusahau jiwe. Sisimizi peke yake ndiye aliyejua hilo. Akilini aliuona mguu wake mwenyewe ukilisukuma jiwe kando ya ukuta, na ufagio ukipita pale lilipokuwa. Hakuna aliyemwona. Hakuna ambaye angeuliza.

"Baba," alisema. "Hukusahau. Jiwe lilikuwepo. Mimi nililiondoa nilipokuwa nafagia."

Baba alimtazama, na kwa mara ya kwanza tangu Jumamosi iliyopita macho yake hayakuwa yakitafuta kitu nyuma ya maneno ya binti yake.

"Ungejuaje kazi ya jiwe," alisema, "na mimi sikukwambia?"

Shangazi alikohoa, akasema maneno hayafungi nati. Wakarudi kazini, safari hii wanne. Walizilaza nyaya mpya kando ya zile kuukuu kuhakikisha urefu ni mmoja. Baba alinasisha vichwa vya waya kwa vidole vyake vya fundi saa, haraka kuliko koleo. Walipaka grisi, wakarudisha ngoma na magurudumu, wakakaza nati ya kurekebishia mpaka breki ikashika kwenye jino la sita, na ikishushwa magurudumu yakawa yanazunguka bila kukwaruza. Mwisho baba aliliendesha gari mpaka mwinukoni, akalielekeza barabarani kusikokuwa na mtu, akavuta breki. Lilitulia. Hata hivyo shangazi alisimama kando na tofali mkononi kwa dakika tano, kwa sababu hakuwa mtu wa kuamini upesi.

Alasiri hiyohiyo baba na binti walikwenda kwa Bibi Mkunga. Baba alisema yake kuhusu waya na jiwe, na Sisimizi akasema yake kuhusu redio, uongo na ufagio. Bibi aliwasikiliza bila kuwakaribisha kuketi. Kisha akasema kwamba uzio wake ungali chini.

Jumapili nzima waliujenga. Baba alichimba, Sisimizi akashikilia vigingi na kushindilia udongo. Benchi walilitengeneza upya na kuliweka upande wa pili wa nyumba, mbali na mteremko. Jua lilipoanza kupungua, Bibi Mkunga alitoka, mjukuu nyongani, akaanza kutikisa vigingi kimoja baada ya kingine. Cha nne kilicheza. Alikionyesha kwa kidole, na baba akakishindilia upya. Aliendelea mpaka cha mwisho. Sisimizi alisimama akimwangalia, uso umemwiva.

"Unaona nakutilia shaka," Bibi Mkunga alimwambia.

"Ndiyo, Bibi."

"Ni kweli, na sitakuficha. Nimezalisha miaka thelathini. Mama anayekuja akilia na kunieleza kila kinachomuuma, huyo simwogopi. Ninayemwogopa ni yule anayenificha dalili kwa haya. Mficha maradhi, kilio humfichua. Baba yako alificha waya uliochakaa, wewe ukaficha redio, na siri zenu mbili zilikutana juu ya benchi la mtoto huyu." Alikirudia kile kigingi cha nne, akakitikisa kwa nguvu. Hakikucheza. "Kusema kweli hakurudishi imani siku hiyohiyo, mjukuu wangu. Kweli ni kama kigingi kilichosimikwa leo. Waache watu wakitikise. Kikiwa imara, watachoka wenyewe."

Sisimizi aliitikia, akaokota jembe na nyundo, akamwambia baba yake kwamba kigingi cha saba nacho kinahitaji kuongezwa udongo kidogo. Bibi hakuwa amekigundua.