Mwenzake Mukhtar Kwenye Tenisi

Kijiti cha kulia kwenye kioo cha gemu kilisogea, na upande wa kulia hapakuwa na mtu.

Mukhtar, mwenye chumba cha gemu hapo Majengo, alimtupia fundi wake jicho baya. "Kim, umeifanya nini hii mashine?"

"Mzee, mimi nimebadilisha waya tu. Hii ni babu ya gemu zote, vijiti viwili na mpira mmoja. Haina akili ya kucheza peke yake kama hizi za siku hizi. Lazima watu wawili."

"Basi nani anacheza?"

"Si uniambie wewe! Kila Ijumaa unajifungia nayo."

Mukhtar akageuza uso. Wateja walioacha mechi zao kuja kuicheka ile tenisi ya kizamani wakarudi nyuma hadi mlangoni. Chumba kilinuka nywele zilizoungua. Tok. Tok. Kabla Mukhtar hajamzuia, binti yake Safa, wa miaka tisa, akakaa upande wa kulia na kushika kitufe cha kuzungusha, na tangu hapo mkono wake haukubanduka, ukazunguka na kuzunguka, hata Kim alipochomoa waya ukutani, na ile nukta nyeupe ikaendelea kwenda na kurudi kwenye kioo kisicho na umeme, huku mtoto akilia kwamba vidole si vyake.

Ustadhi Yakubu akaitwa kutoka msikitini. Akasoma, akanyunyiza maji, akasikiliza.

"Huyu jini hakuvamia," akanong'ona. "Alikaribishwa. Mwenyeji ndiye wa kumtoa, kwa kusema ukweli. Ulifanya nini, Mukhtar?"

"Ijumaa moja sikwenda swala. Nikacheza peke yangu. Nikasema, wewe uliye hapa, kaa tucheze."

Kidole kimoja cha Safa kikafunguka.

"Moja tu?"

"Zote, tangu Ramadhani. Nyumbani nikidanganya natoka msikitini."

Vidole vingine viwili vikafunguka.

"Na nilifurahi, ustadhi. Mungu anisamehe. Nilimpenda kuliko watu."

Cha nne. Kikabaki kidole gumba.

"Baba," Safa akasema kwa sauti ndogo, "anauliza kama umemaliza kusema ukweli."

Mukhtar alimtazama ustadhi, akamtazama Kim, akawatazama wateja wake mlangoni. Jasho lilimtiririka.

"Nimemaliza."

Tok. Vile vidole vinne vikajifunga tena, kimoja kimoja.